Siku Joka la Wakati Lilipovunjika

Kazi ya mwandishi wa tarehe ni kuchagua. Huletewa habari tatu za vita vimoja, kila habari na mshindi wake, naye hana budi kuzipima, kuuliza zimetoka kwa nani na kwa maslahi ya nani, kisha kushika moja na kuziacha nyingine. Akishindwa, huziandika zote na kumwachia msomaji hukumu. Lakini ipo njia nyingine, ambayo mwandishi mwaminifu wa dunia hii hathubutu kuishika: kusema kwamba habari zote ni za kweli kwa pamoja, kwamba kila aliyedai ushindi alishinda, na kwamba kilichokosea si wasimulizi bali ni wakati wenyewe.

Njia hiyo ilishikwa na waandishi wa Tamriel, bara la kubuni lisiloonekana katika ramani yoyote. Maafa waliyoyatunga huko huitwa Kuvunjika kwa Joka. Asili yake ni michezo ya kompyuta, na pengine wapo watakaokunja uso kusikia hivyo. Hata hivyo swali lililomo ndani yake ni kongwe kuliko kompyuta, na watu wa mwambao, ambao tarehe za miji yao zimewafikia kwa nakala zinazopingana, wana sababu ya kulisikiliza kuliko wengi.

Tamriel ilibuniwa na waandishi wa kampuni ya Bethesda Softworks, katika jimbo la Maryland, Marekani, kwa ajili ya mfululizo wa michezo uitwao The Elder Scrolls, ulioanza mwaka 1994. Katika michezo hiyo mchezaji huingia nchini kama msafiri: huzungumza na wenyeji, huingia misikitini mwao pa kubuni, yaani mahekalu, hupigana, hununua, huiba akitaka. La ajabu zaidi ni kwamba hukuta vitabu. Mchezaji akiingia nyumba ya tajiri au chumba cha mtunza nyaraka, hukuta rafuni vitabu vifupi vinavyosomeka kweli: tarehe za wafalme, hadithi, mashairi, nyaraka za dola, mabishano ya wanazuoni. Kila kitabu kina mwandishi wake wa kubuni, na kila mwandishi ana kabila lake, bwana wake na chuki zake. Msomaji hapewi sauti ya juu ya kumwambia yupi mkweli. Ukweli wa Tamriel hutafutwa kama utafutwavyo ukweli wa tarehe yoyote, kwa kusoma mashahidi wasiopendana.

Katika imani za nchi hiyo wakati ni joka, na jina lake ni Akatosh. Maadamu joka li zima, jana hutangulia leo, sababu hutangulia matokeo, na aliyekufa hubaki maiti. Joka likivunjika, nyuzi za wakati huachana. Mtu yule yule huwa mfalme katika uzi mmoja na mfungwa katika uzi wa pili, na yote mawili hutokea. Hatimaye nyuzi hujifunga tena, watu huamka, na mambo yasiyoweza kukaa pamoja hujikuta yamekaa pamoja.

Kisa mashuhuri kuliko vyote vya aina hiyo kilizaliwa na shida ya kikazi. Mwaka 1996 ulitoka mchezo wa pili wa mfululizo, The Elder Scrolls II: Daggerfall. Mahali pake ni Iliac Bay, ghuba iliyo baina ya nchi mbili, High Rock na Hammerfell. Pwani za ghuba hiyo na bara la nyuma yake zimegawika sehemu 44, nyingi zikiwa ni vijitawala vyenye mtawala wake, soko lake na uhasama wake na jirani. Msomaji aliyezoea habari za miji ya Waswahili kabla ya kuja Mreno hatastaajabu kuona miji midogo ikigombea bandari, ikioana, ikihadaana na kupatana.

Katikati ya kisa hicho limelala jitu la shaba liitwalo Numidium. Lilibuniwa zama za kale na Dwemer, taifa la mafundi waliokuja kutoweka, na baadaye likatumiwa na Tiber Septim, mwasisi wa dola, kuwavunja waliokataa kumtii. Anayeshika chombo cha kuliamrisha ndiye atakayeitawala ghuba. Mwisho wa mchezo chombo hicho humwangukia mchezaji mkononi, na wadai wake ni saba: mfalme mkuu wa dola kwa mkono wa majasusi wake, watawala wa Daggerfall, Sentinel na Wayrest, Gortworg, kiongozi wa Orsinium, mji wa Orc, watu waliohesabiwa na jirani zao kuwa ni wanyama, Mannimarco, mchawi mwenye kutawala wafu, na Underking, kiumbe wa kale asiyeomba ila kufa apumzike. Mchezaji humpa amtakaye. Kila anayepewa huleta mwisho wake, na katika kila mwisho ramani huandikwa upya.

Hapo mchezo huachana na kitabu. Msomaji wa riwaya hufikishwa kwenye hatima moja aliyoichagua mtunzi. Wachezaji wa Daggerfall walifikishwa kwenye hatima mbalimbali, na kila mmoja aliondoka akijua kwa yakini kuwa alichokiona ndicho kilichotokea. Ulipowadia wakati wa kuandaa mchezo wa tatu, Morrowind, uliotoka mwaka 2002 na ambao matukio yake ni ya miaka 10 baada ya yale ya Iliac Bay, waandishi walijikuta penye njia panda. Wakichagua mwisho mmoja, watawaambia wachezaji wengi kwamba waliyoyatenda hayakutendeka. Wasipochagua, tarehe ya Tamriel itakuwa na shimo.

Waliamua kwamba yote yalitokea. Mwaka 417 wa Enzi ya Tatu, katika mwezi uitwao Frostfall, Numidium liliinuka na joka la wakati likavunjika. Jitu lile lile, katika siku zile zile, lilitembea kwa amri ya mabwana mbalimbali. Daggerfall ikawashinda jirani zake. Sentinel ikawashinda wake. Wayrest nayo ikashinda. Orsinium ikapata kutambuliwa. Mannimarco akapanda daraja ya miungu, na Underking akapata kifo alichokililia. Wakati ulipojifunga tena, vile vijitawala havikuwepo. Vilibaki vinne tu: Daggerfall, Sentinel, Wayrest na Orsinium. Mkasa huu waandishi wa Tamriel huuita Mpindo wa Magharibi.

Ingekuwa rahisi kuishia hapo na kusema kuwa ni hila ya wafanyabiashara wasiotaka kumkosesha mteja. Hila ni kweli ilikuwepo, lakini waliitilia mizizi. Katika Morrowind waliandika kwamba mkasa huo haukuwa wa kwanza. Zamani sana, wanadini wa madhehebu ya Marukh walipanda mnara, wakacheza ngoma ya ibada ili kumtoa Akatosh kila chembe ya asili ya Elf iliyomo ndani yake, na kwa ushupavu huo wakauvunja wakati kwa muda wa miaka 1008. Vipi miaka huhesabiwa ilhali wakati umevunjika? Swali hilo waliliacha wazi makusudi. Kadhalika, vita vya Mlima Mwekundu, ambavyo ndani yake taifa zima la Dwemer lilitoweka, vimesimuliwa na vitabu kadhaa visivyopatana. Katika kimoja shujaa Nerevar anafia vitani. Katika kingine anauawa na marafiki zake. Waliotuhumiwa kumwua ndio waliokuja kuabudiwa, na ndio walioshika kalamu.

Hapo ndipo dhana ya Joka inapogusa jambo zito. Ndani ya Morrowind kimo kitabu kinachowauliza watu wa makabila mbalimbali walikuwa wapi siku Joka lilipovunjika, nao wanajibu kila mmoja kwa lugha ya imani yake, na majibu hayaungani. Miaka minne baadaye, katika mchezo wa Oblivion wa mwaka 2006, kiliongezwa kitabu juu ya Mpindo wa Magharibi, kimeandikwa kwa sauti ya mtunza nyaraka wa majasusi wa dola. Katika kitabu hicho tunajifunza kwamba mkasa una jina la pili, na ndilo jina lililopendelewa na wakubwa: Muujiza wa Amani. Husemwa kwamba vita vya ghuba vilikoma kwa rehema ya miungu, mipaka ikanyooka yenyewe, na watu wakapumzika. Pembeni ya habari hiyo tukufu yamewekwa maneno ya waliokuwepo: majeshi yaliyojikuta mahali yasipokuwepo jana, ardhi iliyounguzwa, na watu wasioweza kueleza kilichowapitia.

Msomaji na asimame hapa kidogo. Vijitawala arobaini vimefutika. Kila kimoja kilikuwa na watu wake, na watu hao walikuwa na makaburi ya wazee wao, mikataba yao na jina la mji wao. Ni nani aliyewaangamiza? Ukiuliza Daggerfall, itajibu kwamba siku hiyo jitu lilikuwa mikononi mwa Sentinel, na jibu hilo ni la kweli. Ukiuliza Sentinel, itasema ni Wayrest, na hilo pia ni kweli. Wayrest itaielekeza dola, na dola itakuonyesha mbingu. Pale ambapo kila habari ni ya kweli, hapana shahidi wa uwongo. Na pale pasipo na shahidi wa uwongo hapana mtuhumiwa. Maafa yamebaki, mkosaji ametoweka. Hakuna mfalme aliyewahi kuota kinga nzuri kuliko hiyo: si kukanusha alichokifanya, bali kukikubali pamoja na mambo mengine sita, ili kipotee katikati yao.

Kwa hiyo lile jina la Muujiza wa Amani ndilo neno kali kuliko yote katika kisa hiki. Wanne waliobaki ndio walionufaika, na ndio walioupa mkasa jina. Arobaini waliofutika hawakuulizwa, kwani hakukubaki mtu wa kuulizwa. Lakini insafu hutaka kutaja kwamba miongoni mwa wanne hao wamo Orc, waliokuwa wametengwa miaka mingi, na kwao mkasa huo ulifungua mlango wa kuhesabiwa kuwa watu. Maafa ya mmoja yalikuwa idi ya mwingine. Tarehe ya kweli nayo huja hivyo mara nyingi, na ndiyo sababu haistahili kupewa jina moja zuri likafunika yote.

Waandishi wa Tamriel hawakukosa kumweka mkanushaji. Katika Morrowind kimo kitabu kingine, chenye jina la mwanazuoni wa kubuni Fal Droon, kinachodai kwamba ile miaka 1008 haikuwepo kabisa. Kwa maoni yake, hakuna joka lililovunjika wala ngoma iliyopigwa juu ya mnara. Lililotokea ni kosa la hesabu katika kupanga kalenda, kosa likanakiliwa kitabu kwa kitabu, na wanadini wakalivika kosa hilo joho la muujiza. Maneno yake ni makavu, hayana ladha ya kishairi, na wapenzi wengi wa Tamriel humpita bila salamu. Lakini ndiye peke yake anayefanya kazi ya mwandishi wa tarehe. Anauliza nani aliandika, lini, na alihesabu kwa kalenda gani. Huenda amekosea, katika dunia yenye miungu inayotembea, mwenye shaka aweza kushindwa. Amekataa tu kuuita mkanganyo kuwa ni siri takatifu.

Mwambao wetu unaujua mkanganyo wa namna hiyo. Tarehe ya Kilwa imefika mikononi mwa wasomaji kwa njia mbili. Moja ni nakala ya Kiarabu ambayo Sayyid Barghash wa Unguja alimpa John Kirk, ikachapishwa mwaka 1895. Ya pili ni muhtasari wa Kireno uliotiwa na João de Barros katika kitabu chake cha mwaka 1552. Zote mbili zinasimulia watu waliokuja kutoka Shirazi, lakini hazipatani katika majina, wala katika mpango wa watawala, wala katika miaka waliyokaa kitini. Tarehe ya Pate nayo, asili yake yasemekana iliangamia mwaka 1890 Waingereza walipoupiga Witu. Nakala zilizokuja kuchapishwa, mathalani ile ya Stigand ya mwaka 1913, nyingi zimetegemea kumbukumbu ya mtu mmoja, Muhammad bin Fumo Omar aliyejulikana kwa jina la Bwana Kitini, na hata hivyo hutofautiana.

Wanazuoni waliozishughulikia tarehe hizo hawakusema kwamba wafalme wote walitawala kwa pamoja na kwamba wakati ulivunjika Kilwa. Walikaa chini wakapima. Walitazama sarafu zilizopigwa kwa jina la sultani, maandishi ya makaburini, na kuta zilizozikwa. Penye kisiwa cha Pate lipo jambo linalotosha kuwa funzo. Tarehe ya Wanabahani huanzia mwaka 600 wa Hijra, sawa na mwanzoni mwa karne ya 13 ya Miladi, na Shanga hutajwa humo kama mji ulioangukia mikononi mwa Pate. Shanga haikuandika tarehe yake. Aliyeshinda ndiye aliyeisimulia. Kuanzia mwaka 1980 Mark Horton na wenzake waliichimba Shanga, wakakuta misikiti iliyojengwa mmoja juu ya mwingine, na ya chini kabisa, ya miti, ni ya karne ya 8. Mji uliopewa maneno machache katika kitabu cha jirani yake ulikuwa umesimama karne nne kabla kitabu hicho hakijaanza kuhesabu.

Hiyo ndiyo tofauti kubwa baina ya Pate na Iliac Bay. Chini ya Tamriel hapana udongo. Hapana mtu awezaye kwenda na jembe kuvichimba vile vijitawala arobaini, akute vigae vya vyungu, mifupa ya samaki, au kibla cha msikiti wa kwanza, na kwa hivyo waandishi wake waliweza kusema kwamba yote yalitokea, na hakuna ukuta uliojitokeza kuwabisha. Duniani kwetu ukuta hujitokeza. Mshindi huandika, moto huchoma maktaba, wazee hufa na walichokihifadhi, lakini udongo hushika yake na hausomi kitabu cha mtu. Ndiyo maana kusema kwamba kila mtu ana ukweli wake, maneno yanayosikika mno siku hizi na yanayofanana na upole, mara nyingine huwa ni dhuluma. Huwapa waliofutwa ukweli mmoja kati ya saba, na waliowafuta wakapewa sita.

Hapana budi ushairi nao upewe haki yake katika mizani hii. Mshairi aweza kubeba kweli mbili katika ubeti mmoja, mpenzi akawa yupo na hayupo, mji ukawa umekufa na unaimba. Hiyo ni kazi yake halali, kwa kuwa shairi hupima moyo, na moyo hubeba mambo yasiyopatana bila kupasuka. Waandishi wa Tamriel walifanya kitendo cha kishairi: walipoona kwamba wachezaji wamependa miisho mbalimbali, walikataa kuuvunja moyo wa yeyote, wakavunja wakati badala yake. Kitendo hicho kina ukarimu ndani yake. Kosa huingia pale ukarimu wa mshairi unapoazimwa na mtunza nyaraka wa dola, naye akaandika juu ya jalada la maafa neno Amani.

Waliobuni kisa hiki yaonekana walilijua hilo, kwani wasingelijua wasingeliweka ndani ya vitabu vyao wale mashahidi wa pembeni, wala yule mkanushaji mwenye maneno makavu. Waliacha ufa makusudi, ili msomaji apenyeze jicho. Mwenye kusoma Muujiza wa Amani na kuridhika ameisoma tarehe kama mteja. Mwenye kufungua ramani ya zamani ya Iliac Bay, akaanza kuhesabu jina kwa jina miji ambayo haipo katika ramani mpya, huyo ameanza kuisoma kama walivyoisoma Shanga wale waliokwenda na majembe.